Alama ya X Ukutani: Duka, Barabara na Sheria Hapa Kwetu

Mamkubwa wangu ana duka hapa Bofu, kando ya barabara. Si duka la kupigia picha. Mbele mabati, nyuma mawe, ndani ni unga, sukari ya kupima, mafuta ya kupima, sabuni ya kipande na mkate. Lakini mimi nimejua hesabu pale. Kabla sijaenda shule nilikuwa nishajua kurudisha chenji.

Asubuhi moja tulikuta X nyekundu ukutani, rangi bado mbichi. Hakuna karatasi, hakuna jina, hakuna namba ya simu. Jirani akasema wamepita vijana watatu na mkebe wa rangi, wamevaa reflekta, hawakusema wametumwa na nani. Mamkubwa akaitazama, akafungua duka, akauza maziwa kama kawaida. Jioni ndipo akaniuliza: "Baba, wewe umefika chuo. Hebu niambie, hii X ni sheria ama ni rangi tu?"

Kufika nilifika, ila nilitoka mwaka wa pili, na wala sikuwa nasomea sheria. Nikakosa jibu. Yani mimi ambaye kila siku niko hapa nawaambia watu mambo ya dunia, nimeshindwa na ukuta wa mamkubwa wangu. Nikaanza kusoma: katiba, hukumu, sheria za ardhi. Leo nawapa nilichopata, maana najua X kama hii haiko Bofu peke yake. Vumilieni, jibu linaanza mbali kidogo.

Kwanza, ardhi ni ya nani?

Ukanda wa pwani, maili kumi kutoka baharini, ulikuwa chini ya Sultani wa Zanzibar. Mwaka 1895 Waingereza wakaukodi. Mwaka 1908 wakaleta sheria ya hati za ardhi: kila mwenye kudai ardhi ndani ya ukanda huu aje ofisini na madai yake, apimiwe, apewe hati. Ardhi ambayo haikudaiwa ikahesabiwa kuwa ya serikali ya Mwingereza.

Ukisoma haraka utaona ni sawa tu. Sasa fikiria mkulima wa Kidigo upande huu wa Likoni mwaka huo. Ardhi yake inajulikana kwa minazi na kwa makaburi ya wazee. Ni ya ukoo, si ya mtu mmoja. Ati avuke maji aende kuandikisha kitu ambacho kila mtu anajua ni chao? Wengi hawakwenda. Waliopata hati ni wale waliojua njia ya ofisini. Wengine wakalala ni wenyeji, wakaamka ni maskwota.

Mfano mkubwa tunao hapa hapa Likoni: shamba la Waitiki, ekari 930. Watu waliishi humo miaka na miaka, huku hati ikiwa ya mtu mwingine. Kesi zikaenda, zikarudi. Mwishowe serikali ikamlipa mwenye hati shilingi bilioni 1.1, na Januari 2016 Rais Uhuru Kenyatta akaja kugawa hati kwa wakazi. Hata hapo haikuwa bure, maana wakazi walitakiwa kulipia, na kiasi kilichotajwa ni shilingi 182,000 kila mmoja. Watu wakauliza: tunauziwa kwetu?

Kuna jambo jingine la Pwani ambalo ndugu zetu wa Nairobi wakilisikia wanadhani tunatania: nyumba bila ardhi. Shamba ni la mtu, nyumba ni yako. Unamlipa kodi ya ardhi kila mwezi, unapewa risiti, unajenga, unapangisha, hata nyumba unaweza kuiuza. Majengo iko hivyo, Kisauni iko hivyo, Likoni iko hivyo. Sheria tuliyorithi kwa Mwingereza inasema kilichosimama juu ya ardhi ni cha mwenye ardhi. Mila yetu inasema hapana, huyu ana mchanga, yule ana mawe. Kwenye kesi moja iliyofunguliwa Malindi mwaka 2005, Mahakama Kuu ilibidi ikae ieleze mpango huu, maana haumo kwenye vitabu vya Kiingereza.

Duka la mamkubwa liko hivyo hivyo. Ardhi si yake. Kuta ni zake. Kwa hiyo X ikija inaangukia watu wawili, na hao wawili hawana haki sawa. Shika hiyo, tutairudia.

Pili, barabara ina kivuli

Barabara si lami peke yake. Ina kivuli chake huku na huku, kinaitwa hifadhi ya barabara. Sheria ya barabara ya mwaka 2007, ile iliyozaa KeNHA, KURA na KeRRA, inasema hujengi ndani ya hifadhi bila ruhusa ya mamlaka inayosimamia barabara hiyo. Shida ni kwamba kivuli chenyewe hakionekani. Kiko kwenye ramani na kwenye vigingi vya mpimaji. Mtu anajenga duka, miaka ishirini inapita, lami haijasogea hata unyayo, halafu siku moja anaambiwa, "Ulikuwa ndani siku zote."

Hapa ndipo nilipopata kitu cha kwanza cha maana. X nyekundu inapakwa kwenye maduka ya aina mbili, na rangi ni ile ile.

Aina ya kwanza: duka liliingia barabarani. Ulijenga ndani ya hifadhi. Hapo usitarajie kulipwa ardhi, kwa sababu haikuwa yako wala ya mwenye shamba.

Aina ya pili: barabara inaingia dukani. Wewe ulikuwa nje ya hifadhi, sasa serikali inataka kupanua. Hapo ni kutwaa ardhi kwa lazima, na Kifungu cha 40 cha Katiba ya 2010 kinasema lazima ulipwe fidia ya haki, kamili, na kwa haraka. Kifungu hicho hicho kinaruhusu walipwe hata wale wanaokaa kwa nia njema bila hati.

Ukiangalia vizuri, kesi nyingi za maduka na barabara zinazunguka swali moja tu: ni duka lililoingia barabarani, ama ni barabara iliyoingia dukani? Na anayeamua si mwenye mkebe wa rangi.

Jomvu, Mei 2015

Sasa twende ng'ambo, Jomvu, kwenye barabara kuu ya Mombasa hadi Mariakani. Mradi wa kuipanua ulikuwa mkubwa, na pesa zake zilitoka kwa wafadhili wakiwemo Benki ya Maendeleo ya Afrika, Benki ya Uwekezaji ya Ulaya na benki ya maendeleo ya Ujerumani, KfW. Kandokando ya barabara kuna mtaa unaitwa Deep Sea. Nyumba na vibanda vikapakwa X.

Usiku wa tarehe 17 Mei 2015 tingatinga likaingia, limesindikizwa na polisi wenye bunduki. Zaidi ya watu mia moja wakabaki bila makao. Fikiria unavyoamka usiku kwa kelele ya mashine. Unabeba nini? Mtoto kwanza. Godoro labda. Hakuna anayekumbuka faili la risiti.

Oktoba mwaka huo Amnesty International wakatoa ripoti kuhusu ubomoaji huo, na KeNHA wakakubali kwamba lilikuwa kosa. Mnajua kilichowasaidia watu wa Jomvu? Walikwenda kugonga mlango wa mwenye pesa. Benki kama zile zina masharti yake: mradi wao hauruhusiwi kumtoa mtu kwa nguvu bila mpango wa kumhamisha. Malalamiko yakafika huko, pakawa na upatanishi, na mwishowe fidia ikakubaliwa.

Mimi hapo nilisimama kidogo. Mtu wa Deep Sea, anayeuza samaki wa kukaanga kando ya barabara, ilibidi sauti yake ifike Ulaya ndipo isikike Mombasa. Ni ushindi, sikatai. Lakini ni ushindi wa njia ndefu sana.

Mitumba: kesi iliyokwenda hadi juu

Kesi iliyobadilisha mambo nchi nzima haikutoka Pwani wala haikuhusu barabara. Ilitoka Nairobi, kijiji cha Mitumba, karibu na uwanja wa ndege wa Wilson. Septemba 2011 wakazi walisoma gazetini kwamba wana siku saba za kuondoka. Wakakimbia mahakamani, wakapata amri ya kuzuia. Novemba 2011 kijiji kikabomolewa, amri ikiwepo.

Mahakama Kuu ikawapa haki mwaka 2013. Mahakama ya Rufaa ikaipindua hukumu mwaka 2016. Tarehe 11 Januari 2021 Mahakama ya Juu ikasema neno la mwisho katika kesi hiyo ya Mitu-Bell. Kwa Kiswahili cha kawaida, ilisema hivi: watu waliokaa muda mrefu kwenye ardhi ya umma, hata bila hati, hawafanani na takataka za kufagiwa. Muda waliokaa unaweza kuwazalishia haki ya makazi, na wakifukuzwa wanaweza kwenda mahakamani kudai nafuu.

Angalia tarehe tena. Kijiji kilibomolewa 2011, neno la mwisho likaja 2021, na bado faili likarudishwa Mahakama Kuu ipange nafuu yenyewe. Mtoto aliyekuwa darasa la kwanza siku ya tingatinga alikuwa keshafika sekondari. Haki ilikuja, lakini kijiji hakikurudi.

Kabla ya hukumu hiyo, mwaka 2016, Bunge lilikuwa limerekebisha sheria za ardhi na kuweka utaratibu wa kuwaondoa watu. Kwenye ardhi ya umma ni notisi ya miezi mitatu, kwa maandishi, kwenye Gazeti Rasmi la Serikali, kwenye gazeti linalosomwa nchi nzima, na redioni kwa lugha ya wenyeji inapofaa. Siku yenyewe, maafisa wajitambulishe. Na aliyepewa notisi anaruhusiwa kwenda mahakamani kabla siku haijafika. Hata kama uko ndani ya hifadhi! Kukosa haki ya ardhi si kukosa haki ya kuambiwa.

Ukuta wa Nyali

Sasa kesi iliyonichanganya akili. Hii ni yetu kabisa.

Nyali kulikuwa na kiwanja ufuoni, kimezungushiwa ukuta. Kiligawiwa Rais Moi mwaka 1989, kikauzwa, mwisho kikafika kwa kampuni ya Dina Management. Septemba 2017 Kaunti ya Mombasa ikavunja ukuta, ikisema pale ni njia ya umma ya kwenda baharini. Kampuni ikaenda kortini: sisi tumenunua kihalali, hati hii hapa, hatukujua lolote.

Aprili 2023 Mahakama ya Juu ikaikatalia. Ikasema hati si mwisho wa maneno. Ukinunua ardhi, lazima uangalie ilitoka wapi. Kama mzizi ulioza, kama ilikuwa ya umma na haikugawiwa kwa utaratibu, hati yako haikulindi. Hiyo nayo imo Kifungu cha 40: haki ya mali haihusu mali iliyopatikana kinyume cha sheria.

Vijana wa Mombasa tulifurahi. Mimi pia. Bahari ni yetu sote, bana, iweje tuzungushiwe ukuta? Lakini nikiwa nimekaa dukani, X iko nyuma ya kichwa changu, nikajiuliza: mbona ukuta wa tajiri ukivunjwa kwa ajili ya njia ya umma napiga makofi, na ukuta wa mamkubwa ukipakwa X kwa ajili ya njia ya umma nakasirika?

Nilitaka kujijibu haraka kwamba yeye ni tajiri na huyu ni mnyonge. Lakini hilo si jibu, hizo ni hisia. Barabara ni ya wote. Ambulensi inayokwenda feri na mgonjwa inapita barabara hiyo hiyo. Kama duka la mamkubwa liko ndani ya hifadhi, basi limekaa juu ya kitu cha watu wote, kama ule ukuta.

Jibu nililopata ni hili. Tofauti iko kwenye nafasi ya kusikilizwa. Mwenye ukuta wa Nyali alikuwa na mawakili, akapanda ngazi zote za mahakama, akasikilizwa kila ngazi, akashindwa kwa sababu zilizoandikwa kurasa na kurasa. Mwenye duka la mabati anashindwa kabla hajasema neno. Mimi siombi mamkubwa ashinde. Naomba asikilizwe kabla ya tingatinga, si baada. Akishindwa, ashindwe kwa ramani, asishindwe kwa mkebe wa rangi.

Na kama barabara ndiyo inayoingia?

Hapa ndipo watu wengi wa maduka wanapoteza pesa zao kwa kutojua. Serikali ikitaka kutwaa ardhi, Tume ya Taifa ya Ardhi inatangaza nia kwenye Gazeti Rasmi la Serikali. Siku zisizopungua 30 zinapita, kisha panawekwa kikao cha uchunguzi, na tarehe yake itangazwe siku 15 kabla. Kwenye kikao hicho, kila mwenye maslahi anakuja kusema anadai nini. Si mwenye hati peke yake. Ni kila mwenye maslahi.

Kanuni za fidia za mwaka 2017 zinataja bei ya soko, halafu asilimia 15 juu yake kwa usumbufu. Zinataja pia gharama za kuhamisha mahali pa biashara, na faida iliyopungua kuanzia tangazo hadi siku ya kuchukuliwa. Na tangu 2019 kuna baraza maalumu la rufaa kuhusu kutwaliwa kwa ardhi, kwa mtu asiyeridhika na alichopewa.

Kumbuka ile nyumba bila ardhi. Mwenye shamba atakwenda kwenye kikao na hati yake, atalipwa mchanga wake. Mwenye duka asipokwenda, nani atamsemea? Na akienda mikono mitupu, atasema nini? "Nilikuwa nauza unga"? Unga wa kiasi gani? Tangu lini?

Basi tukafungua kasha. Mamkubwa anazo leseni za biashara za kila mwaka, karibu zote. Leseni haikupi ardhi, lakini inathibitisha biashara ilikuwepo. Risiti za kodi ya ardhi anazo, zimeliwa na mende pembeni ila tarehe zinasomeka. Halafu akatoa kitu ambacho sikukitarajia: madaftari ya madeni. Yale ya shule, ya kurasa 96, yamefungwa kwa kamba. Kila mkate uliochukuliwa kwa mkopo umo, jina, tarehe, bei. Miaka kumi na tatu ya Bofu imo mle. Nusu ya mtaa, nawaambia, na baadhi yenu mnaosoma hapa bado hamjalipa.

Mimi niliyaona kama karatasi za kufungia maandazi. Kumbe ndio ushahidi bora alionao wa kwamba hapa palikuwa na biashara, iliuza kiasi hiki, kwa watu hawa. Nimeyapiga picha yote, ukurasa kwa ukurasa, siku mbili nzima. Nimepiga pia picha ya duka mbele, nyuma, na umbali wake kutoka kwenye lami.

Nilikwenda ofisi moja kuuliza ramani ya hifadhi inaonyesha nini pale kwetu. Nikaambiwa nirudi. Nikarudi, nikaambiwa nirudi tena. Mara ya tatu nilikwenda na barua, nakala mbili, nikaomba moja igongwe muhuri. Kifungu cha 35 cha Katiba kinampa raia haki ya kupata habari iliyo mikononi mwa serikali. Jibu bado, lakini muhuri ninao.

Kwa hiyo, mamkubwa

Sisi watu wa Likoni tunajua miradi. Daraja la kuelea la waenda kwa miguu kutoka Liwatoni lilitua hapa Ras Bofu. Barabara ya Dongo Kundu imetufungulia njia ya kwenda bara bila kupanda feri. Daraja kubwa la kuvuka kivuko tunalisubiri tangu tukiwa wadogo, na siku likija litakuja na barabara zake, na barabara zitakuja na X zake. Mimi nataka daraja. Mamkubwa pia analitaka, miguu inamuuma kwenye ile foleni ya feri. Hakuna anayechukia barabara hapa. Tunachotaka ni kwamba mtu anayeipisha barabara asiwe yeye peke yake aliyeilipia.

Nilimsomea yote haya jioni, nje ya duka, yeye akichambua mbaazi. Jomvu, Mitumba, Nyali. Alisikiliza hadi mwisho. Kisha akasema, "Kumbe hiyo ni rangi mpaka ije na karatasi."

Nikamwambia ndio, mamkubwa. Ni rangi mpaka ije na karatasi. Na karatasi ikija, na sisi tuna zetu.

Kwa hivyo wewe uliyesoma hadi hapa, ambaye mamako au mjomba wako ana duka kando ya barabara Mtongwe, Shika Adabu, Bamburi, Changamwe, popote: leo jioni nenda ukapige picha za risiti, leseni na madaftari. Usingoje X. Watu wa Jomvu waliamshwa usiku, na usiku hakuna anayepata nafasi ya kutafuta risiti.